Mwalimu Kengele Ajifunza Kunyamaza

Kwa miaka mingi nilifundisha darasa lililopakana ukuta na la Mwalimu Kengele, na naweza kusema bila kutia chumvi kwamba nusu ya wanafunzi wangu walifundishwa na yeye. Ukuta wenyewe ulikuwa mwembamba, haukufika hadi darini, na sauti yake haikuwa na habari kama kuna ukuta. Mimi nikiwa katikati ya sehemu za mmea, yeye upande wa pili anauliza, "Saba mara nane?" na darasa langu zima linajibu, "Hamsini na sita!" Nilishazoea. Nilisubiri wamalize, kisha nikarudi kwenye mizizi yangu.

Jina la Kengele alipewa na wanafunzi mwaka ule kengele ya shule ilipopasuka. Mwalimu mkuu alikuwa bado anaulizia wapi atapata nyingine, siku hiyo hiyo jirani yangu huyo akatoka barazani, akaweka mikono nyuma, akaita, "Mistariniii!" Watoto waliokuwa mwisho wa uwanja, waliokuwa chooni, hata waliokuwa wamechomoka nje ya uzio kununua pipi, wote wakaja mbio. Mwalimu mkuu akaacha kuulizia kengele.

Ukimwona usingedhani. Alikuwa mwanamke wa umbo la kati, mwembamba wa shingo, na mtu angejiuliza sauti yote ile inakaa wapi. Alikuwa na namna zake za kufundisha ambazo hazikubadilika tangu nilipomfahamu. Alipenda kusimama mbele ya dirisha, mikono nyuma, macho kwa darasa. Aliandika ubaoni huku anaongea, bila kugeuka. Madawati yake yalinyooka kama yamepigwa rula. Na alikuwa na uso mmoja tu wa shuleni, uliokunjwa kidogo katikati ya nyusi, ambao yeye mwenyewe aliuita uso wa kazi. Watoto wake walifaulu. Wazazi walikuja kuomba watoto wao wahamishiwe kwake. Hakuwa mtu wa majivuno, lakini alijua thamani yake.

Mwisho wa jengo letu kulikuwa na chumba ambacho zamani kilikuwa stoo. Humo lilifunguliwa darasa la watoto viziwi, na kijana mmoja mpole akaletwa kulifundisha. Muhula haujaisha, kijana akahamishwa. Mwalimu mkuu akatukusanya ofisini, akauliza nani atalishika darasa lile kwa muda, mpaka apatikane mwalimu mwingine aliyesomea. Wote tukainamia madaftari tuliyokuwa tukisahihisha. Ghafla kila mtu akawa na kazi nyingi.

Mwalimu Kengele akainua mkono.

"Niachieni mimi," alisema. "Wale watoto shida yao hawajapata mtu wa kuwafikia."

Tulipotoka akanishika bega. "Mdogo wangu, tangu nianze kazi hii hakuna mtoto aliyenishinda. Sauti ikiwa kubwa vya kutosha, inaingia."

Hakuwa anatania. Aliamini hivyo kwa moyo wake wote.

Darasa lake likapewa mwalimu mwingine kwa muda, na wiki ile ya kwanza shule nzima ilisoma darasa la viziwi. Alikuwa mwisho wa jengo, lakini ni kama alikuwa amekaa mapajani mwetu. "HII! NI! MEZA!" Na darasa langu, kwa mazoea, likaitikia, "Hii ni meza!" Nilipita dirishani kwake siku moja nikachungulia. Watoto walikuwa wametulia, wameukodolea macho mdomo wake kwa hamu kubwa, kama watu wanaotazama sufuria inayofurika. Mmoja tu alikuwa anafanya kitu. Alikuwa msichana mdogo wa mstari wa mbele, binti wa fundi pikipiki mwenye gereji mkabala na lango letu. Alikuwa ameweka kiganja juu ya dawati, anahisi linavyotetemeka.

Kufika mwisho wa wiki sauti ilikuwa imemkauka kabisa. Alikaa ofisini na kikombe cha maji ya moto, ananong'ona.

"Nimewaambia kila kitu," alisema. "Kila kitu, mdogo wangu. Wananitazama tu kama samaki kwenye tangi."

Nilimwongezea maji.

Ndipo akaja mkufunzi. Chuo cha walimu kilikuwa kinamtuma kutembelea madarasa ya namna ile, na alikuwa mwanamke mdogo kwa Kengele kwa umri wa kutosha kuwa binti yake. Mwenyewe alikuwa kiziwi tangu utotoni. Siku za mwanzo alifuatana na mkalimani wake, mwanamume mrefu mkimya aliyefungua mdomo pale tu alipotafsiri. Mkufunzi alikaa nyuma ya darasa kipindi kizima. Kengele, sauti imemrudia kidogo, akafundisha kwa nguvu zote zilizobaki. Kipindi kilipoisha mkufunzi akaja mbele, akaanza kuzungumza kwa mikono, na mkalimani akawa anafuatisha.

"Anauliza, mwalimu, somo lako unalijua vizuri?"

"Nalijua sana."

"Anasema, basi wanafunzi hawajaliona. Ukisimama dirishani, mwanga uko mgongoni kwako na uso wako unakuwa giza. Ukigeukia ubao, unawapa kisogo. Mikono umeificha nyuma. Uso umeufunga. Anauliza, umewaachia nini cha kutazama?"

"Nimewaachia sauti," alisema Kengele.

Mkalimani alisita kidogo, halafu akatafsiri. Mkufunzi akacheka. Hakucheka kwa dharau. Alicheka kwa mabega na mikono na mwili mzima, mpaka Kengele naye akajikuta anacheka kabla hajajua anacheka nini. Kisha mkufunzi akaomba jambo moja tu. Kipindi kijacho, asitumie sauti. Hata chembe.

Alinisimulia baadaye kwamba ilikuwa kama kuambiwa apike bila moto. Alianza vizuri. Akainua picha ya ng'ombe, akaionyesha, na neno "tazameni" likamchomoka lenyewe. Mkufunzi, kule nyuma, akagusa koo lake. Kengele akafumba mdomo. Akachukua picha nyingine, "eeh" ikatoroka. Mkufunzi akagusa koo tena.

"Anaiona sauti yangu!" aliniambia, macho yamemtoka. "Kila nikiiba neno, ananikamata. Wewe unayesikia hujawahi kunikamata hivyo."

Tangu hapo kazi ya kuacha mazoea ilianza, na haikuwa ndogo. Kwanza madawati. Mkufunzi alitaka yakae nusu duara, ili kila mtoto aone mikono ya mwenzake. Kengele aliyasukuma huku amenuna. Asubuhi iliyofuata nilimkuta ameyarudisha kwenye mistari, mwenyewe hajui ameyarudisha saa ngapi. Mikono yake ilikuwa imefanya tu. Tukayasukuma pamoja. Akaacha dirisha, akahamia ukuta wa pili ambako mwanga ulimwangukia usoni. Akajifunza kuandika kwanza, kugeuka, ndipo aseme. Na ile mikono ya nyuma, jamani! Mara kwa mara ungeiona inaelekea mgongoni yenyewe kama kuku wanaorudi bandani, na yeye anaivuta mbele.

Lakini kilichomtesa zaidi ni uso. Mkufunzi alimweleza kwamba katika lugha ya alama swali linakaa kwenye nyusi, na ukikunja uso unakuwa umesema kitu. Hivyo akawa anafanya mazoezi ofisini wakati wa mapumziko, kioo kidogo mkononi, anapandisha nyusi, anazishusha, anatoa macho, anayarudisha. Tulivunjika mbavu.

"Dada, umepigwa na umeme?" aliuliza mwalimu wa michezo.

"Cheka tu," alimjibu. "Uso huu nimeufunga tangu chuoni. Tuliambiwa, ukicheka na darasa siku ya kwanza umeliuza. Sasa bawaba zimeshika kutu."

Alikuwa anajifunza alama mchana kwa mkufunzi na asubuhi kwa watoto. Siku moja akaingia darasani amejawa na ujasiri, akawauliza kwa mikono kama wamekula. Angalau alidhani ndivyo alivyouliza. Watoto wakatazamana, kisha wakaanguka kwa kicheko, wengine mpaka chini ya dawati. Binti wa fundi akainuka, akaja mbele, akaushika mkono wa mwalimu wake, akavikunja vidole kimoja kimoja vikae panapostahili. Kisha akaupeleka mkono mdomoni, taratibu, namna inavyotakiwa.

"Katika maisha yangu ya ualimu," aliniambia, "hakuna mtoto aliyewahi kunigusa mkono kunisahihisha. Nilitaka kukunja uso. Nikakumbuka uso sasa ni maneno. Ningeukunja, ningekuwa nimemtukana."

"Ukafanya nini?"

"Nikauliza upya. Wakasema wamekula."

Kile alichokuwa ameuliza mara ya kwanza hakuwahi kuniambia.

Nyumbani kwake mambo yalikwenda kombo kwa namna nyingine. Mumewe alikuwa mstaafu wa kazi ya ghala, mtu mtaratibu asiyependa mabishano, na alikuwa ameishi na sauti ile tangu ujana wao. Kengele alikuwa akisema jikoni, "Baba, chumvi imeisha!" na kabla mzee hajavaa viatu, jirani wa nyumba ya tatu ameshatuma mtoto na chumvi. Sasa mke amerudi nyumbani, hasemi neno. Alikuwa amejipa zoezi la kunyamaza jioni nzima ili mikono izoee. Chakula kikiwa tayari anazima na kuwasha taa, kama alivyofundishwa kuwaita watoto darasani. Mzee akapanda juu ya kigoda kukagua balbu.

Kukagua balbu kulipokwisha na kimya kikabaki, mzee akaingiwa na hofu. Akamwita dada yake. Jumamosi mchana wifi akatua na mkoba wake, akakaa sebuleni, akajifunga kanga vizuri kama mtu aliyekuja kukaa.

"Wifi, nimekuja. Kaka yangu amekosa nini?"

"Hajakosa kitu."

"Mwanamke akisema hajakosa kitu, hapo ndipo penyewe. Sema, mimi ni mtu mzima, sitampendelea."

"Kweli wifi. Najifunza kunyamaza."

"Tangu lini mtu akajifunza kunyamaza nyumbani kwake? Huko si ndiko kununa, jina tu ndilo mmelibadilisha?"

Mzee akaitikia kutoka mlangoni. "Mimi nimeshaomba msamaha mara mbili. Hata kosa silijui."

Ikabidi awaeleze. Akawaeleza kwa mdomo, kisha kwa mikono, na wifi akawa anatazama kwa jicho la pembeni. Akamwonyesha alama ya chai. Akamwonyesha ya maji, ya mama, ya kulala. Wifi akajaribu ya chai, akapatia.

"Na 'kaka yangu mwoga' unaionyeshaje?"

"Hiyo bado sijafika."

"Ukifika uniite."

Wifi aliondoka jioni, baada ya kuomba chai kwa mikono mara kadhaa na kuletewa. Mzee akatulia. Lakini Kengele aliniambia kwamba siku moja mumewe alimwambia kimya kile kinampa upweke, kwamba kusikia jina lake likiitwa kutoka jikoni ndiko kulikomjulisha kuwa yuko nyumbani. Hakulijua hilo. Tangu siku ile akapanga: mazoezi kabla ya chakula, baada ya hapo anamwita mzee kwa sauti yake yote, na majirani wakajua kwamba kwao kumepoa.

Shuleni nako kuna kitu alipoteza. Kwa kuwa sasa alikuwa ndani ya darasa lile wakati wote, hakuna aliyewaita watoto mistarini, na mwalimu mkuu hatimaye akanunua kengele ya umeme. Siku ilipolia mara ya kwanza nilimwona Kengele akitoka mlangoni, chaki mkononi. Alisimama akaisikiliza mpaka ikaisha, kisha akarudi ndani.

"Ina sauti mbaya," alisema wakati wa chakula. Akala kidogo, akasukuma sahani. "Mdogo wangu, nikwambie ukweli. Kule nilikuwa mtu. Huku mimi ndiye wa mwisho darasani. Watoto wananisubiri nimalize sentensi, kwa huruma. Mtu wa umri wangu, nakunja vidole kama wa chekechea."

"Si ni kwa muda tu," nilisema. "Mwalimu wao akija, utarudi kwako."

"Ndiyo," alisema. "Ni kwa muda."

Mwalimu huyo akaja kweli, muhula mpya ulipoanza. Alikuwa kijana wa kike aliyesomea kazi hiyo, mikono yake inakwenda kama maji. Mwalimu mkuu akamwambia Kengele kwamba darasa lake la zamani linamsubiri, na akamshukuru mbele yetu sote. Tukapiga makofi. Mimi nilifurahi kuliko wote, maana ukuta wangu ulikuwa umekuwa mkimya mno, na wanafunzi wangu walikuwa wameanza kusahau hesabu.

Alirudi. Nilimsikia akiingia, nikasikia watoto wakimpokea kwa shangwe. Nikasubiri ile sauti. Ikaja, lakini ndogo, sauti ya mtu anayeongea na watu waliomo chumbani. Akauliza sita mara saba, sita mara nane, darasa likajibu kwa pamoja kama zamani. Kisha kimya. Kisha nikasikia madawati yanaburuzwa.

Mchana alikuja kwangu, akafunga mlango.

"Kuna mtoto kule nyuma," alisema. "Nimemfundisha tangu mwaka juzi. Leo nilikuwa natazama nyuso, maana siku hizi sijui kufundisha bila kutazama nyuso. Wote wanajibu, na yeye anafungua mdomo. Anafungua tu. Nikawanyamazisha wenzake, nikamuuliza peke yake. Hajui hata moja. Miaka yote alikuwa amejificha ndani ya sauti za wenzake, na mimi ndiye niliyezipandisha."

Alikaa.

"Sasa unamjua," nilisema.

"Sasa namjua. Na nitakaa naye mpaka ashike. Halafu nitamwomba mwalimu mkuu kitu."

Alichoomba ni kurudi chumba cha mwisho, chini ya yule kijana wa kike, kama msaidizi wake. Mwalimu mkuu alidhani hajasikia vizuri. Mwalimu wa kiwango chake, awe msaidizi wa mtu aliyeajiriwa jana? Akamwambia afikirie. Akafikiria. Akamaliza muhula na darasa lake la zamani, yule mtoto wa nyuma akashika hesabu zake, si zote lakini za kumtosha, ndipo Kengele akabeba boksi lake la chaki akahamia kule moja kwa moja. Tulibaki midomo wazi. Wapo waliosema amechanganyikiwa. Wapo waliosema anatafuta kazi nyepesi, na hao nilikuwa nikiwaambia waende wakakae kule kipindi kimoja tu.

Mpaka leo si hodari sana. Yule kijana wa kike anamzidi, na watoto wanamzidi kwa mbali. Anachanganya alama, anasahau nyusi, na akikasirika sauti inamponyoka. Lakini watoto wanamwendea. Wakati wa mapumziko utawaona wamemzunguka, mikono inapaa kila upande, na yeye katikati anageuka huku na huku kama mtu aliyezingirwa na nyuki wema.

Ni yeye pia aliyevuka barabara kwenda kwa fundi pikipiki.

Sote tulikuwa tunamsikia fundi yule. Binti yake akitoka shule alikwenda kukaa gerejini kumsubiri, na baba, pikipiki inanguruma mbele yake, alikuwa akimpigia kelele. "Sema baba! Sema! BABA!" Mtoto anamtazama. "BABA!" Hakuwa mkali, alikuwa anamfundisha. Siku hiyo nilikuwa natoka langoni pamoja na Kengele. Alisimama akasikiliza kidogo, kisha akavuka, nami nikamfuata.

"Fundi, zima hiyo kwanza."

Akazima. "Mwalimu, shikamoo."

"Marahaba. Koo lako haliumi?"

"Linauma, lakini nitafanyaje? Nikimzoesha sauti kubwa, siku moja itaingia."

Nilimtazama Kengele, naye akaepuka macho yangu.

"Mimi nilisema maneno hayo hayo," alisema. "Nilipiga kelele wiki nzima, mpaka nikawa nanong'ona. Mwanao alikuwa ameweka mkono kwenye dawati, ananisubiri nimalize. Njoo Jumamosi, nikuonyeshe."

"Mwalimu, mikono hii ni ya spana." Akaitandaza. Ilikuwa mipana, migumu, na oili imeingia kwenye kila mstari. "Haiwezi mambo hayo. Na watu wakiniona barabarani nachezesha vidole watasema nini?"

"Watasema fundi anaongea na binti yake."

Jumamosi ya kwanza hakuja. Wazazi wengine walikuja wachache, wakakaa nusu duara kwenye madawati yasiyowatosha magoti. Jumamosi iliyofuata akaja, amenawa mpaka viwiko, akakaa karibu na mlango. Baada ya hapo hakukosa. Alikuwa mzito wa kushika, na alipokosea alijitukana kwa sauti ya chini. Binti yake alikaa pembeni yake akimnyoosha vidole bila kuchoka.

Nilikuwepo siku walipojifunza maneno ya chakula. Kengele aliwaambia wazazi wawaulize watoto wao wanapenda nini na hawapendi nini. Fundi akapandisha nyusi, akauliza, mikono inakwenda kwa kukwama. Mtoto akajibu. Fundi akakunja uso, akamgeukia Kengele.

"Anasema hapendi mayai? Nimeona vizuri?"

"Umeona vizuri."

"Lakini mwalimu, namkaangia yai kila asubuhi! Tangu mama yake atutoke. Wakati mwingine mimi sili, ili yeye apate yai." Akabaki ameshika kichwa. "Na analimaliza! Kila siku analimaliza!"

Mtoto alikuwa anamtazama baba yake kwa wasiwasi, hajui kama amekosea. Fundi akaliona hilo. Akashusha mikono kichwani, akaanza kucheka, na machozi yakamtoka humo humo ndani ya kicheko.

"Sasa anataka nini? Mwalimu, niulizie anataka nini."

"Muulize mwenyewe."

Akamuuliza. Uso wa mtoto ukachangamka, mikono ikaanza kwenda, haraka haraka, maneno yamejazana kama yaliyokuwa yakisubiri mlangoni. Yalikuwa mengi mno. Fundi aligeuka kutafuta msaada, lakini Kengele alikuwa ameshasogea dawati la pili kwa bibi mmoja aliyechanganya alama ya maziwa na ya sabuni. Basi fundi akamgusa binti yake bega, akamwomba arudie, polepole.

Mtoto akaanza upya.